Jicho Linalosikiliza: Sándor Sára na Filamu ya Hali Halisi ya Hungaria

Uhakiki wa filamu, hususan ule uliozaliwa katika idara za fasihi, umezoea kumtafuta mwandishi wa filamu katika nafsi ya mwelekezi. Mpigapicha hutajwa mwishoni, pamoja na fundi wa taa na mshoni wa mavazi, na sifa anazopewa huwa ni zile zile: mwangaza mzuri, rangi za kuvutia, kamera tulivu. Mazoea haya yanatokana na kuichukulia picha kuwa fani tupu, pambo la maudhui yaliyokwisha kuamuliwa na mtu mwingine. Kazi za Mhungaria Sándor Sára (1933–2019) zinayatatiza mazoea hayo kwa namna ya pekee. Mtu huyu ndiye aliyepiga picha za Szindbád mwaka wa 1971, filamu ambayo kwa uzuri wa picha haina mshindani wa karibu katika sinema ya nchi yake. Mtu huyo huyo, baada ya mwongo mmoja hivi, alikamilisha Krónika, mfululizo wa sehemu 25 ambao uzito wake wote umewekwa katika nyuso za wazee wanaozungumza. Inakuwaje jicho lililojua kuona kiasi kile likaamua kukaa kimya na kusikiliza?

Jibu jepesi ni kuigawa kazi yake mafungu mawili: ujana wa msanii wa picha, na utu uzima wa mwanahistoria asiyejali tena sanaa. Mgawanyo huo hautoshelezi. Filamu zake zikitazamwa kwa mpangilio wa miaka, inabainika kwamba swali moja linazipitia zote, nalo ni hili: mpigapicha afanye nini anapokutana na jambo ambalo picha yake haipo, ama kwa kuwa haikupigwa, ama kwa kuwa ilikatazwa? Krónika ni jibu kali kuliko yote aliyolitolea swali hilo. Si dalili ya kuchoka.

Sára alizaliwa tarehe 28 Novemba 1933 katika kijiji cha Tura, mashariki mwa Budapest. Alisomea upigaji picha katika Chuo cha Sanaa za Maigizo na Filamu jijini humo na kuhitimu mwaka wa 1957. Mwaka huo unafaa kuzingatiwa. Maasi ya Oktoba 1956 yalikuwa yamekwisha kuzimwa kwa vifaru vya Kisovieti. Vijana wawili waliotoka chuo hicho hicho, László Kovács na Vilmos Zsigmond, walikuwa wameyapiga picha maasi hayo barabarani kwa kamera ya chuo, wakavuka mpaka na kanda zao hadi Austria, kisha Marekani, ambako hatimaye wote wawili walipata jina kubwa Hollywood. Inafaa kukumbukwa kwamba walipofika huko mwaka wa 1957 kanda zile hazikupata mnunuzi upesi. Habari ilikuwa imekwisha kuchacha. Wao walikuwa na picha isiyo na mtazamaji. Sára, aliyebaki nyumbani, alikuwa na watazamaji katika nchi ambamo jambo kubwa lililowafika halikuruhusiwa kutajwa kwa jina walilolipa wenyewe.

Mahali alipoanzia kazi palikuwa pa pekee. Studio ya Béla Balázs, iliyoanzishwa mwishoni mwa miaka ya 1950 na kuundwa upya mwaka wa 1961, iliwapa vijana waliotoka chuoni fursa ya kutengeneza filamu bila ya kulazimika kuzionyesha hadharani. Ruhusa hiyo ilikuwa na makali pande zote mbili: msanii alikuwa huru kuunda, na serikali ilikuwa huru kuificha kazi yake kabatini. Jina la studio lenyewe lina umuhimu katika mjadala huu. Béla Balázs (1884–1949) alikuwa mwananadharia aliyedai, katika kitabu alichokitoa mwaka wa 1924, kwamba uchapishaji wa vitabu ulikuwa umeufanya uso wa mwanadamu usisomeke tena, na kwamba filamu ingeurudishia uso lugha yake. Alikuwa akizizungumzia filamu zisizo na sauti. Uso aliousifu ni uso unaosema bila maneno. Sára aliingia katika nyumba iliyobeba jina la mtu huyo na, bila kuandika nadharia yoyote, akatumia maisha yake kuuliza uso unakuwa nini pale mwenye uso anapofungua kinywa.

Filamu yake fupi Cigányok, ya mwaka wa 1962, ndiyo hatua ya kwanza. Waroma wa Hungaria, ambao jina la filamu linawataja kwa neno ambalo majirani zao walilitumia kuwaita, walikuwa wakionekana katika filamu za nchi hiyo kama wapiga fidla wa mikahawani au kama tatizo la usafi. Filamu hii, ambayo haifiki hata nusu saa, inakwenda katika makazi yao, pembezoni mwa vijiji, na kuwaacha waseme wenyewe juu ya kazi, njaa na dharau wanayokumbana nayo. Kamera inasimama karibu na nyuso, tena kwa heshima. Haiwavizii wala haiwachekeshi. Kwa mtazamaji wa leo huenda hili likaonekana jambo la kawaida. Kwa wakati wake lilikuwa jambo zito, kwani mtindo uliotawala ulikuwa ule wa msimulizi asiyeonekana, mwenye sauti ya mamlaka, anayemweleza mtazamaji maana ya kila picha kabla hajaiona vyema. Kumwondolea msimulizi huyo enzi yake ni kuiondolea dola haki ya kutafsiri.

Hata hivyo, katika Cigányok kuna mvutano ambao Sára hakuumaliza kwa muda mrefu. Picha ni nzuri mno. Umaskini unapopigwa picha kwa jicho la namna ile, nuru inayoangukia ukuta wa udongo huanza kusema jambo lake, na jambo hilo si lile linalosemwa na mwenye nyumba. Sauti inalalamika huku picha ikisifu. Huu ndio ugonjwa wa kila mpigapicha mwenye kipawa, na katika miaka iliyofuata ulizidi.

Miaka hiyo ilikuwa ya ushirikiano na waelekezi wa rika lake. Akiwa na István Gaál alipiga picha za Sodrásban (Katika Mkondo), iliyotoka mwaka wa 1964, hadithi ya kundi la marafiki wanaompoteza mwenzao mtoni. Akiwa na István Szabó alipiga Apa (Baba) mwaka wa 1966. Zote mbili ni filamu za kupendeza, na zote zinastahili makala zao zenyewe. Iliyo muhimu zaidi kwa hoja iliyopo ni Tízezer nap (Siku Elfu Kumi) ya Ferenc Kósa, iliyokamilika mwaka wa 1965, ikazuiliwa, kisha ikaonyeshwa mwaka wa 1967 na kumpatia Kósa tuzo ya mwelekezi bora huko Cannes. Inafuata maisha ya mkulima mmoja kwa takriban miaka thelathini, kuanzia ufukara wa kabla ya vita hadi mashamba ya ushirika na maasi ya 1956. Kila fremu imechongwa kama mti. Watu wamesimama dhidi ya mbingu nyeupe kana kwamba hawana kazi nyingine ila kukumbukwa. Ni filamu kubwa, lakini ukubwa wake una gharama: wakulima wamevishwa nuru kama mavazi ya sikukuu, na vazi la sikukuu humfanya mtu awe mkimya na mkakamavu. Mtazamaji anatoka akiwa amewaona. Ni vigumu kusema kwamba amewasikia.

Szindbád ni jambo jingine kabisa, na ni makosa kuiweka katika kundi moja na Tízezer nap kwa sababu tu zote mbili ni nzuri. Zoltán Huszárik aliitengeneza kutokana na hadithi za Gyula Krúdy, na Zoltán Latinovits akaigiza nafsi ya mzee mpenda wanawake na chakula ambaye anakufa, au amekwisha kufa, akiyapitia maisha yake yote kwa kumbukumbu. Filamu inafungua kwa mlolongo wa picha za karibu mno: ua linalofunguka, matone ya mafuta juu ya mchuzi, makaa yanayofifia, maji yakidondoka. Vitu hivi havielezi chochote. Hakuna anayevitazama, vyenyewe ndivyo kumbukumbu. Rangi zake zimeiva kiasi cha kukaribia kuoza, na huko kukaribia kuoza ndiko maudhui. Katika onyesho maarufu la mlo, ambamo Szindbád anakula uboho wa mfupa kwa makini kama mtu aliye ibadani huku mhudumu akimtazama, kamera haifanyi mzaha na ulafi wake wala haiusifu. Inampa nafasi ya kuonja kwa mara ya mwisho.

Ubora wa Szindbád una sababu inayoweza kuelezwa. Hapa uzuri haupingani na ushahidi, kwa kuwa hakuna ushahidi unaotolewa. Kumbukumbu ya mtu mmoja, tena mtu wa kubuni aliyekuwa na wasaa na fedha za kuonja dunia, imejaa picha hadi pomoni. Mpigapicha hana budi kuzichota tu. Sára aliichota kumbukumbu hiyo kuliko mtu yeyote wa kizazi chake. Alipogeukia kumbukumbu ya aina nyingine, ya watu wengi, ya wasiokuwa na wasaa, alikuta kisima kitupu.

Dalili za mgeuko huo zilikuwapo hata kabla ya Szindbád. Katika Feldobott kő (Jiwe Lililorushwa Juu), filamu ya kwanza ndefu aliyoielekeza mwenyewe, iliyotoka mwaka wa 1969 na ambayo jina lake linatokana na shairi la Endre Ady, kijana Balázs Pásztor ananyimwa nafasi katika chuo cha filamu kwa sababu baba yake amekamatwa. Anakwenda kufanya kazi na wapimaji wa ardhi vijijini, wakati mashamba yanaunganishwa kwa nguvu. Chombo anachokitumia kina lenzi. Kijana aliyenyimwa kamera anaitazama nchi yake kupitia darubini ya mpimaji, na kila anachokitazama kinapimwa ili kichukuliwe na dola. Ni taswira inayosema mengi kwa unyenyekevu mkubwa. Onyesho ambalo mtazamaji hawezi kulisahau ni lile la Waroma wanaozingirwa ili waoshwe na kunyolewa nywele kwa nguvu, kwa jina la afya. Wanawake wanapambana. Watu wale wale ambao miaka saba kabla yake walizungumza katika Cigányok sasa wanaonyeshwa wakifanyiwa jambo huku kijana mwenye macho mazuri akiwa karibu, asiweze kuzuia kitu. Sára hapa anajihoji kama mpigapicha: kuona kwa makini kunamsaidia nani? Filamu haimpi kijana wake jibu, na inafaa kusifiwa kwa kutomdanganya.

Katika kipindi hicho hicho alitengeneza filamu fupi Pro Patria, juu ya minara na sanamu zilizojengwa katika vijiji vya Hungaria kuwakumbuka waliokufa katika Vita Vikuu vya Kwanza. Askari wa mawe, mmoja baada ya mwingine, wakiwa na bunduki, bendera na masharubu. Kila kijiji kina wake, na wote wanafanana. Kwa mtazamo wa juujuu ni kejeli nyepesi juu ya sanaa ya ukumbusho. Ikitazamwa kando ya Krónika, inageuka kuwa swali: wale waliokufa katika vita vya pili vilivyofuata wana sanamu gani? Chini ya utawala wa wakati ule jibu lilikuwa fupi. Kwa ujumla hawakuwa nazo.

Historia yenyewe inahitaji kuelezwa kwa ufupi. Mwaka wa 1942 serikali ya Hungaria, iliyokuwa mshirika wa Ujerumani ya Hitler, ilipeleka Jeshi la Pili, watu wapatao laki mbili, kushikilia sehemu ya ukingo wa mto Don ndani ya Muungano wa Kisovieti. Pamoja nao walipelekwa watu wa vikosi vya kazi ya lazima, wengi wao Wayahudi, bila silaha na mara nyingi bila mavazi ya baridi. Tarehe 12 Januari 1943 Jeshi Jekundu lilivunja ngome zao karibu na Uryv. Katika majuma machache ya baridi kali jeshi hilo lilisambaratika. Zaidi ya laki moja waliuawa, kujeruhiwa au kutekwa. Tarehe 24 Januari kamanda wao, Gusztáv Jány, alitoa amri iliyowaambia manusura kwamba jeshi lao limepoteza heshima yake. Baadaye aliiondoa amri hiyo, ila neno lilikuwa limekwisha kutoka. Baada ya 1945 hali haikuwa nafuu. Waliorudi walikuwa, kwa lugha rasmi, mabaki ya uvamizi wa kifashisti dhidi ya nchi ambayo sasa ilikuwa rafiki na mlinzi. Ndugu waliwalilia nyumbani, milango ikiwa imefungwa. Kitabu cha István Nemeskürty, Requiem egy hadseregért, kilichotoka mwaka wa 1972, ndicho kilichoanza kuuvunja ukimya huo kwa maandishi.

Filamu za habari za wakati wa vita zilionyesha wanajeshi wakiondoka. Kurudi kwao hakukuwa na mpigapicha, kwa kuwa hakuna serikali inayotuma kamera kuipiga picha aibu yake. Kwa hiyo Sára, alipoanza kazi hii mwishoni mwa miaka ya 1970 akisaidiana na mwanahistoria Gábor Hanák, alikabiliwa na jambo kubwa lisilo na picha. Angeweza kuigiza. Alikuwa na ujuzi na jina la kutosha; mwaka wa 1978 alikuwa amekwisha kutengeneza 80 huszár, filamu kubwa ya farasi na milima juu ya askari waliotoroka kambini Polandi ili warudi nyumbani katika mapinduzi ya 1848. Theluji ya Don ingependeza sana mbele ya lenzi yake. Hapo ndipo penye uamuzi wa kimaadili ambao kazi nzima ya Krónika imejengwa juu yake: alikataa kuipiga picha theluji hiyo. Aliwaweka waliokuwapo mbele ya kamera, akawaacha waseme.

Jina Krónika humaanisha tarihi, na wasomaji wa tarihi za miji ya pwani ya Afrika Mashariki wanajua kwamba utanzu huo kwa kawaida hufuata majina ya watawala: nani alitawala, kwa miaka mingapi, nani akamrithi. Tarihi ya Sára inafuata njia kinyume. Maafisa wamo, lakini wanakaa kwenye kiti kile kile anachokalia mkulima aliyeitwa jeshini, na lenzi inawapa kipimo kile kile cha uso. Ushuhuda mmoja unaendelezwa na mwingine. Jambo lililoanzwa na mmoja humaliziwa na mtu asiyemjua, hivi kwamba wazungumzaji wengi wanafanya masimulizi mamoja bila ya yeyote kupoteza sauti yake. Wanafunzi wa fasihi simulizi watalitambua jambo hili mara moja. Katika utanzu wa simulizi matini haitengani na fanani: kunyamaza kwake, kutafuta neno, kugeuza macho, vyote ni sehemu ya kazi. Yule anayenukuu maneno peke yake kutoka katika ushuhuda wa namna hii anabaki na ganda.

Hapa ujuzi wa mpigapicha wa Szindbád unaonekana tena, ingawa wengi hawauoni. Kuupiga picha uso unaokumbuka ni kazi ngumu kuliko kulipiga picha ua linalofunguka, kwa kuwa uso unajua kwamba unatazamwa. Kamera ikisogea upesi inamkatiza msemaji. Ikibaki mbali inamhukumu. Mtu aliyekuwa na subira ya kungojea tone la mafuta ligawanyike juu ya mchuzi alikuwa na subira ya kungojea mzee wa miaka sitini na kitu afike kwenye neno ambalo hakulitamka kwa miaka arobaini. Subira hiyo ni moja. Ndiyo maana hoja kwamba Krónika si sinema, kwamba ni vichwa vinavyosema tu, haina mashiko. Anayesema hivyo anaamini kwamba picha ni kile kilicho nyuma ya msemaji. Miaka mitatu baadaye, katika Shoah (1985), Claude Lanzmann alikataa kabisa kutumia picha za kumbukumbu na akaweka tegemeo lake lote kwa mashahidi na mahali. Watu wawili wasiofanana kwa tabia wala kwa historia walifikia karibu na mlango mmoja, na Mhungaria alikuwa ametangulia.

Televisheni ya Hungaria ilianza kuurusha mfululizo huo, kisha ukakatizwa kabla ya sehemu zote kuonyeshwa. Toleo la sinema, Pergőtűz, la mwaka wa 1982, liliwafikia watu katika kumbi. Kukatizwa huko kunathibitisha jambo ambalo wahakiki wa fani peke yake hulipuuza: dola ilizivumilia picha za kishairi za Tízezer nap baada ya miaka miwili, ilhali wazee waliokaa kitini wakizungumza kwa utulivu iliwaona kuwa hatari.

Lawama moja dhidi ya Krónika ni nzito na haiwezi kufutwa kwa sifa. Wanaoketi mbele ya kamera ni Wahungaria. Jeshi lile halikwenda Don kwa matembezi. Lilikwenda kama jeshi la uvamizi, na majeshi ya Hungaria yaliyolinda maeneo yaliyotekwa yalishiriki katika ukatili dhidi ya raia. Mwanakijiji ambaye nyumba yake iligeuzwa makao ya askari hana kiti katika tarihi hii. Kusikiliza kwa unyenyekevu kuna udhaifu wake: msikilizaji anayemheshimu msemaji huona haya kumbana. Aliyeteseka husema kweli juu ya mateso yake, na kweli hiyo inaweza kukikinga kivuli cha lile alilowatendea wengine. Inawezekana kujibu kwamba mwaka wa 1982 lililokuwa limefungwa ni kilio cha Wahungaria wenyewe, na kwamba upande mwingine ulikuwa na makaburi, vitabu na sanamu zake zilizojengwa kwa gharama ya dola. Jibu hilo lina ukweli wa wakati wake. Halitoshi kwa mtazamaji wa leo, aliye huru kusikia pande zote mbili.

Sír az út előttem (Njia Yalia Mbele Yangu), ya mwaka wa 1987, inalikaribia tatizo hilo vyema zaidi, kwa sababu mkasa wenyewe haumruhusu msikilizaji kuegemea upande mmoja. Ni masimulizi ya Waszekely wa Bukovina, Wahungaria ambao wazee wao walikimbia Transilvania baada ya mauaji ya mwaka wa 1764 na kukaa katika vijiji vitano vya mbali kwa zaidi ya karne moja na nusu. Mwaka wa 1941, Hungaria ilipoitwaa sehemu ya Yugoslavia, walihamishiwa Bácska, kwenye mashamba na nyumba ambazo walowezi wa Kiserbia walikuwa wametolewa. Oktoba 1944 walikimbia tena kwa magari ya farasi. Hatimaye walipewa makazi kusini-magharibi mwa Hungaria, katika nyumba za Wajerumani ambao nao walikuwa wakifukuzwa. Mtu anafukuzwa na kuingizwa katika nyumba ya aliyefukuzwa, mara mbili katika miaka minne. Hakuna mwelekezi anayehitaji kuongeza neno hapo. Wanawake vijijini wanaosimulia safari hizi wana ufasaha ambao hautokani na shule, na nyimbo zao zinaingia ndani ya masimulizi pasi na mpaka, kama inavyokuwa katika jamii ambazo wimbo na habari havijatenganishwa. Miongoni mwa kazi zake zote za hali halisi, hii ndiyo iliyokomaa zaidi, japo inatajwa kwa nadra kuliko Krónika.

Baada ya mabadiliko ya 1989 milango ilifunguka. Sára alitengeneza filamu juu ya wafungwa wa vita na juu ya waliopelekwa katika kambi za Kisovieti, ikiwamo Magyar nők a Gulágon (Wanawake wa Kihungaria katika Gulag) ya mwaka wa 1992. Kuanzia 1993 hadi 2000 aliongoza Duna Televízió, kituo cha setilaiti kilichokusudiwa Wahungaria walioachwa nje ya mipaka na mkataba wa 1920. Filamu za kipindi hiki zina thamani ya kumbukumbu, na baadhi ya nyuso ndani yake hazitasahaulika, ila ule mvutano wa mwanzo umepungua. Katika miaka ya Krónika kila sentensi ilimgharimu msemaji. Sasa kila mtu alikuwa akisema, magazetini, bungeni, barabarani, na mbinu iliyozaliwa kuukabili ukimya ilijikuta katikati ya kelele. Kwa A vád (Mashtaka) ya mwaka wa 1996 alirudi kwenye filamu ya maigizo, kuhusu familia ya wakulima na askari wa Kisovieti vita vilipokuwa vikimalizika. Ni kazi ya mtu aliyeziheshimu sana habari alizosikia kiasi cha kushindwa kuwapa waigizaji wake uhuru.

Alifariki tarehe 22 Septemba 2019. Mwaka wa 2000, wakati angali hai, wahakiki wa nchi yake walikuwa wamechagua filamu kumi na mbili walizoziona kuwa bora zaidi katika historia ya sinema ya Hungaria. Szindbád imo katika orodha hiyo. Filamu ya hali halisi haimo hata moja.